UZI: Likoni tujenge daraja au tuchimbe handaki? Tuanze na anayevuka kwa miguu

#1 Mkaazi wa Ng'ambo

Salaam aleikum wadau.

Kila habari ya kujenga daraja la Likoni, pale watu wa Mombasa wanapovuka maji kwa feri, ikirudi magazetini, humu jukwaani tunagawanyika mafungu mawili. Wa daraja wanaleta picha za nguzo ndefu na nyaya, wa handaki wanaleta picha za Ulaya. Nimeyafuata mabishano haya muda mrefu na naona sote tunaliruka swali la kwanza: pale Likoni anavuka nani?

Takwimu zinazotajwa miaka yote ni watu zaidi ya 300,000 na magari zaidi ya 6,000 kwa siku. Ziwekeni namba hizo mbili pamoja. Hata tukadirie kila gari limebeba watu kumi, hao ni 60,000. Waliobaki wote wanashuka ule mteremko kwa miguu yao: vibarua wa bandarini, wanafunzi, walinzi wanaotoka zamu ya usiku, kina mama wa soko la Marikiti, mafundi wenye ndoo za vifaa kichwani. Lakini fungua mjadala wowote wa kivuko hiki, utasikia foleni ya magari, malori, watalii wa Diani. Mtu wa miguu anatajwa mwisho, kama anatajwa.

Kwa wasioijua Mombasa: mji ni kisiwa. Kwa bara tunaunganishwa na Makupa na Kipevu. Kwa kaskazini kuna Nyali, ambako mwaka 1931 lilijengwa daraja la kuelea lililopanda na kushuka na maji, hadi 1980 lilipofunguliwa hili la zege tunalolitumia leo. Kusini ni maji na feri, tangu 1937. Watu huuliza kwa nini Nyali iliwezekana na Likoni ikashindikana. Jibu ni meli. Bandari ya Kale ya majahazi iko upande wa baharini wa daraja la Nyali, kwa hiyo meli kubwa hazina haja ya kupita chini yake. Likoni ndipo mlango wenyewe wa Kilindini, bandari kuu. Hakuna meli ya kontena, ya mafuta wala ya ngano inayoingia bandarini bila kukata njia ya feri. Kaa Mama Ngina chini ya mibuyu jioni moja utaona: meli inajitokeza, inaziba ng'ambo yote, na feri inasubiri ipite.

Na sisi wa kusini tunaijua gharama ya maji haya. Tarehe 29 Aprili 1994 feri ya Mtongwe ilizama na watu 272 wakafa, wengi wao wakienda kazini asubuhi. Mwaka 2019 mama na mtoto wake walizama na gari lao lililoteleza kutoka kwenye feri, na gari likapatikana kwenye kina cha mita 58. Kwa hiyo sisemi tubaki na hali ilivyo. Nasema tujenge, lakini kwanza tukubaliane tunamjengea nani.

Nendeni asubuhi maji yakiwa yamekupwa. Mteremko wa zege unakuwa mrefu na mkali. Mwenye mkokoteni anakaza visigino mbele, mwenzake anauvuta kwa nyuma na kamba mzigo usimkimbie, na umati unapita pande zote mbili za magurudumu. Nitajieni mchoro mmoja wa daraja au handaki unaoonyesha huyu atapita wapi.

Karibuni.

#2 Kigamboni Kwetu

Mkuu mleta uzi, umenigusa, maana sisi Dar tumeshapita njia hiyo.

Daraja la Nyerere la Kigamboni lilifunguliwa na Rais Magufuli Aprili 2016. Mita 680, njia sita, mfuko wa pensheni wa NSSF umetia fedha nyingi mle. Ni daraja zuri na limeifungua Kigamboni kwa kiasi ambacho mtu aliyekuja kabla ya hapo hawezi kuamini: viwanja, nyumba, viwanda, kila kitu. Sina neno baya nalo.

Lakini angalia limewekwa wapi. Liko Kurasini, ndani ya mkono wa bahari, nyuma ya magati. Meli zinatia nanga kabla ya kulifikia, ndiyo maana halikuhitaji kuwa refu kwenda juu. Sasa mtu anayekaa kule Feri upande wa Kigamboni, kazi yake Posta au soko la samaki, anaiona kazi yake kwa macho ng'ambo ya maji. Hawezi kupanda daladala azunguke mpaka Kurasini aingie kwenye foleni ya Kilwa Road ndipo arudi mjini. Anatoa shilingi 200 anapanda pantoni. Nenda gati la Magogoni asubuhi leo uone umati ulivyo. Daraja lipo, na watu bado wako kwenye maji.

#3 Mkaazi wa Ng'ambo

Ndugu yangu wa Kigamboni, hapo ndipo penyewe. Na sisi tumefanya hivyohivyo na Dongo Kundu. Ile barabara inazunguka nyuma ya bandari, Miritini, Mwache, Tsunza, inatokea Kibundani. Daraja la Mteza peke yake lina kama kilomita 1.4. Kwa lori linalotoka Nairobi kwenda Lunga Lunga ni neema, halina tena sababu ya kuingia kisiwani. Ila mtu wa Shelly Beach, hapa Likoni, anayekwenda Ganjoni kisiwani hatazunguka huko.

Nyuma ya bandari ndiko daraja linakokuwa rahisi kujengwa. Mlangoni ndiko watu walipo. Miji yetu yote miwili imekwama kwenye tofauti hiyo.

#4 Fundi Zege

Ngoja niweke vipimo mezani, maana humu watu wanapenda handaki bila kuuliza kina.

Daraja la mlangoni lazima liache nafasi ya meli kupita chini. Kwa bandari inayopokea meli kubwa, mnazungumzia karibu mita 70 toka usawa wa maji. Barabara ya magari mazito hutaki ipande zaidi ya mita 5 kwa kila mita 100. Piga hesabu: kufika mita 70 unahitaji mita 1,400 za kupanda, na nyingine kama hizo za kushuka ng'ambo. Ardhi ikiwa tayari juu kidogo unapunguza, lakini kanuni ni hiyo. Maana yake mtu anayesimama penye feri leo hawezi kupandia daraja hapo alipo. Itabidi arudi nyuma zaidi ya kilomita moja ndipo alikute linapoanzia.

Sasa handaki. Njia inayotumika sana bandarini ni kutengeneza vipande vikubwa vya zege kwenye nchi kavu, kuvielea hadi mahali pake, kuvizamisha kwenye mfereji uliochimbwa chini ya maji na kuviunganisha. Hong Kong walifanya hivyo, wakafungua handaki lao la kwanza la magari mwaka 1972. Inafaa maji yasipokuwa na kina kikubwa. Mleta uzi ametaja mita 58, na hiyo ni sakafu ya bahari tu. Weka juu yake unene wa handaki na udongo wa kulifunika, unafika chini kuliko kimo cha daraja kilivyo juu. Unaweza kuchimba kwa mashine. Istanbul wamechimba chini ya mlango wa bahari wa Bosphorus hadi mita 106, wakafungua 2016, lakini njia nzima ya chini ya ardhi ni kilomita 5.4. Kina hakidanganyiki: unakilipa kwa urefu.

Halafu hewa. Holland Tunnel ya New York, 1927, ndiyo iliyofundisha dunia namna ya kuondoa moshi wa magari chini ya mto: feni 84, kwenye majengo manne, zinabadilisha hewa yote kila baada ya sekunde 90. Feni zikizimika, handaki linafungwa. Pampu za maji nazo ni hivyohivyo. Ukijenga handaki umejenga pia bili ya umeme ya milele.

#5 Baharia Mstaafu

Fundi kasema vizuri. Niongeze la upande wa meli.

Kimo cha daraja ukishakiweka umeifungia bandari. New Jersey kuna Bayonne Bridge, ilijengwa 1931. Meli za kontena zikaendelea kukua hadi zikawa hazipiti chini yake. Ikabidi waiinue barabara yenyewe kutoka mita 46 hadi mita 65 na ushee, kazi ya zaidi ya dola bilioni moja, huku magari yakiendelea kupita. Kwa hiyo mtu akikwambia "tupunguze kimo tuokoe fedha", mwambie tunamkopa mjukuu.

Kuhusu lile daraja la kuelea la watu wa miguu la Liwatoni lililokamilika mwishoni mwa 2020, wengi walilaumu kwamba halikuwa wazi mchana kutwa. Tatizo lilikuwa mahali lilipowekwa. Lililala juu ya njia ya meli, na sehemu ya katikati ilibidi ifunguliwe meli ipite. Meli haingoji watu wamalize kuvuka. Inaingia na rubani, maji yakiwa na kimo kinachotakiwa, boti za kuvuta ziko tayari pembeni, na kila saa inayochelewa inalipiwa. Kwa mkondo wenye shughuli kiasi hiki, daraja linalofunguka litagombana na bandari kila siku, na bandari ndiyo itakayoshinda.

#6 Dereva wa Transit

Mimi naandika kutoka Malaba, mpakani na Uganda. Sivuki Likoni, lakini jambo hili ni letu pia.

Tarehe 26 Machi 2024 meli ya kontena iitwayo Dali ilizimika umeme ikitoka bandari ya Baltimore, ikagonga nguzo ya Francis Scott Key Bridge, na daraja lote likaanguka. Polisi waliwahi kuzuia magari, lakini wafanyakazi sita waliokuwa wakiziba mashimo juu yake walikufa. Mabaki yakaziba njia ya meli, na ilichukua kama wiki 11 njia hiyo kufunguliwa yote.

Sasa ihamishie Kilindini. Mlango ni mmoja. Ukizibwa wiki 11, Kampala haina mafuta, Kigali, Juba, Goma hadi Bunia bei zinapaa. Mahindi, mbolea, dawa, vyote vinapitia hapo. Kwa hiyo daraja likijengwa, nguzo zikae mbali na njia ya meli, juu ya nchi kavu ikiwezekana, na zilindwe. Hilo halitakiwi kuwa la kubana matumizi.

Ila wa handaki nao wasifurahi mapema. Baltimore kuna mahandaki mawili chini ya bandari, na ndiyo yaliyobeba magari daraja lilipoanguka. Lakini malori ya mizigo hatari hayaruhusiwi humo. Yalikuwa yanategemea daraja, ikabidi yazunguke mbali. Mimi navuta tanki la mafuta, najua handaki lolote litanikataa. Nashukuru Dongo Kundu ipo.

#7 Binti Mvita (London)

Kaka Mkaazi, shikamoo na ahsante kwa uzi huu. Mimi nimezaliwa Likoni, sasa naishi Woolwich, na ninavuka mto Thames kwa feri mpaka leo, tena bure.

Woolwich Free Ferry ilianza 1889. Hoja ya watu wa mashariki mwa London ilikuwa ya haki tu: madaraja ya magharibi mwa mji yalikuwa yameondolewa tozo kwa fedha za kodi, na wao pia walikuwa walipa kodi ila hawana daraja, kwa sababu meli za bandari zilipita kwao. Wakapewa feri ya bure. Yaani hali ya Likoni ile ile, mtu wa miguu havuki kwa nauli kwa sababu hana njia nyingine.

Halafu wakafikiria vibarua wa bandari. Mwaka 1902 wakafungua handaki la miguu Greenwich, la Woolwich likafuata 1912. Ni bomba jembamba la vigae vyeupe, unashuka kwa lifti au ngazi za kuzunguka, unatembea dakika chache unatokea ng'ambo. Wajenzi walielewa kwamba kibarua hana gari.

Na Aprili 2025 wakafungua Silvertown Tunnel. Mtu wa miguu haruhusiwi. Mwenye baiskeli anapakiwa kwenye basi maalumu. Na siku hiyohiyo wakaanza kutoza magari kwenye handaki la jirani la Blackwall, lililokuwa bure tangu 1897. Zaidi ya miaka mia imepita na wamemsahau yule waliyemkumbuka wakati wa farasi.

Fundi, swali kwako: handaki la miguu kama la Greenwich haliwezekani Likoni?

#8 Fundi Zege

Dada, Greenwich handaki liko kama mita 15 chini ya maji. Sisi tuna mita 58 za maji matupu. Utahitaji lifti ya zaidi ya mita 70 kila upande, na si lifti moja, maana asubuhi unashusha maelfu kwa maelfu. Umeme ukikatika watu wako chini. Na kuwaokoa watu kwenye bomba lenye msongamano wa vile ni jambo ambalo mimi nisingetia sahihi yangu.

Lifti za kupandisha watu darajani pia zimejaribiwa. Daraja la kwanza la Bosphorus, Istanbul, lilifunguliwa Oktoba 1973, mita 64 juu ya maji. Lilikuwa na njia ya miguu, na lifti ndani ya minara. Baada ya miaka michache watu wa miguu wakafungiwa, na hawajarudishwa. Ila Istanbul haikuzitupa feri zake. Leo wana madaraja matatu na mahandaki chini ya mlango ule, na bado vyombo vya abiria vinatoka kila baada ya dakika chache. Watu wanavipenda kwa sababu vinawashusha katikati ya mji.

#9 Mama wa Marikiti

Wanangu mnaongea vizuri lakini niwaulize la kawaida. Mimi nabeba nazi na muhogo kutoka Matuga. Matatu inanishusha feri, navuka bure, ng'ambo nampa hamali pesa kidogo anifikishe Marikiti. Mkijenga daraja refu hilo la kilomita na kilomita, mimi nitapanda gari gani? Nauli ngapi? Konda atanikubalia gunia langu au atasema linachafua viti? Na feri si mtaiondoa mseme daraja limekuja?

Naogopa hilo la mwisho kuliko yote. Nyali hakuna feri tena.

#10 Mkaazi wa Ng'ambo

Mama yangu, swali lako ndilo nililokuwa nalitafuta, na kwa yaliyosemwa humu sasa naweza kusema msimamo wangu waziwazi.

Handaki Likoni mimi nimeliacha. Kina ni kikubwa, mafuta hayapiti, na mtu wa miguu hatakubaliwa humo. Daraja la juu naliunga mkono, kwa masharti. La kwanza ni la dereva: nguzo zisikae majini kwenye njia ya meli. La pili ni la baharia: kimo kisipunguzwe. Lakini hata likijengwa sawasawa, daraja lile litakuwa la magari, kama Nyerere lilivyo. Hakuna mama atakayetembea kilomita tatu juani, mita 70 juu ya maji, na gunia.

Kwa hiyo feri haiondoki. Naomba hili liandikwe kwenye mkataba wa mradi, siyo liachwe kwa ahadi ya jukwaani. Na ibadilike. Leo feri moja inabeba lori, basi, mkokoteni na mtu wa miguu kwenye sakafu moja, na hapo ndipo hatari ilipo. Malori yameshapata Dongo Kundu. Magari madogo yakipata daraja, sakafu yote inabaki ya watu. Tunaweza kuwa na vyombo vya abiria peke yao, vidogo, vinavyoondoka mara kwa mara badala ya kusubiri kujaa, vyenye viti na maboya, na gati linaloelea linalopanda na kushuka na maji. Nyali walikuwa na teknolojia ya kuelea mwaka 1931! Gati kama hilo likiwepo Likoni, yule wa mkokoteni hatashindana tena na mteremko wakati wa maji kupwa.

Na juu ya daraja, njia moja kila upande iwe ya mabasi tangu siku ya kwanza, siyo iongezwe baadaye kwa rangi.

#11 Kigamboni Kwetu

Naunga mkono mkuu. Ila tozo mnalipangaje? Sisi daraja lilianza na tozo, wananchi wakalalamika miaka hadi viwango vikapunguzwa 2022. Magari yenu yakikimbilia darajani, mapato ya feri yanakufa, na chombo kisicho na mapato kinaachwa kichakae. Huo ndio mtego.

#12 Mkaazi wa Ng'ambo

Umeona mbali. Sasa hivi magari ndiyo yanayolipa feri na mtu wa miguu anavuka kwa mgongo wa magari hayo. Yakihama, mgongo huo umehama. Pendekezo langu ni kwamba sehemu ya tozo ya daraja iende moja kwa moja kuendesha feri ya miguu, kwa sheria, kwa sababu kila mtu anayepanda feri ni gari moja au basi moja lisilojaza daraja. Mwenye gari anayelipa tozo ananufaika na feri hata kama haipandi.

Kuna mwanasheria humu anayejua kama fedha za tozo ya barabara zinaweza kufungwa kwa matumizi ya majini? Na Mama wa Marikiti, nisaidie jambo: ule mzigo wako, ungependa gati la ng'ambo liwe palepale, au lisogee lilipo karibu zaidi na barabara ya Marikiti?

#13 Mama wa Marikiti

Palepale mwanangu. Ila waweke kivuli na mahali pa kutua mzigo. Tunasimama na gunia kichwani kwa kuwa chini pana maji.